Ukoko wa Mheshimiwa Waziri

Ipo nchi moja ambayo jina lake haliruhusiwi kutajwa na mtu aliyeketi. Na kwa kuwa wasomaji wengi husoma wakiwa wameketi, na wengine wamejilaza kabisa, tusiwatie watu matatani bure. Tuiite Nchi, tuendelee.

Nchi hiyo ilikuwa na Baba. Baba Mzazi wa Taifa, ndivyo alivyoitwa, na alipendwa kama wanavyopendwa baba wengine, yaani kwa vipindi. Siku moja Baba Mzazi aliketi mezani mzima wa afya, akala chakula cha mchana, akafa kabla matunda hayajaletwa. Aliyekuwa amesimama nyuma ya kiti chake ni mkuu wa walinzi, Jemadari Kong'oto. Jemadari alihuzunika mno hata akashindwa kuondoka mahali pale. Akaisogeza maiti kidogo, akakaa, akala yale matunda.

Kabla arobaini ya marehemu haijaisha, Jemadari alikuwa amekwisha kumwoa mjane. Wanasheria wakaitwa. Wakafungua Katiba, wakakuta imeandikwa kwamba taifa ni familia moja. Basi wakaamua: mume wa mama wa familia ndiye baba wa familia. Uchaguzi wa nini tena? Lini watoto walipiga kura kumchagua baba?

Akaitwa Mtukufu Baba Mlezi wa Taifa. Kazi yake ya kwanza ilikuwa kulifunga ghala la chakula la taifa kwa kufuli kubwa kama kichwa cha mbuzi. Funguo akazitia mfukoni. Akasema anawawekea watoto.

Watu nao, ambao midomo yao haikuwa na kufuli, wakaanza kunong'ona bombani na sokoni: "Baba Mlezi wapi! Huyu ni baba wa kambo."

Jemadari aliposikia alitaka ndimi zikatwe. Mshauri mmoja akapiga goti akasema, "Mtukufu, ndimi ni nyingi na wembe umepanda bei. Tuliache neno, tubadili maana yake. Nani aliyewaambia watu kwamba wa kambo ni mbaya? Sinema. Basi sinema hiyohiyo na iwaambie kwamba wa kambo ni malaika."

Hivyo ndivyo ilivyozaliwa Wizara ya Sinema na Hisia za Kifamilia. Tangu siku ile kila filamu katika Nchi ikawa na baba mzazi mlevi anayeuza godoro la watoto, na baba wa kambo mwenye kanzu nyeupe anayelinunua tena. Katika filamu iliyopewa tuzo, baba wa kambo anafunga kabati la chakula, na watoto wanamwimbia wimbo wa shukrani kwa sababu kula ovyo huharibu meno. Watazamaji walitakiwa kulia. Waliokuwa na macho makavu waliandikiwa dawa.

Iko sheria moja ya Nchi ile ambayo lazima ielezwe mapema. Mtukufu akipiga makofi, lililokuwa linasemwa wakati huo linakuwa kweli. Nyuma yake hukaa afisa aitwaye Mwandishi wa Makofi, ambaye hunakili maneno hayo, na kesho yake yanatoka katika Gazeti la Serikali. Hayafutiki. Hata Mtukufu mwenyewe hawezi kuyafuta, kwa kuwa Mtukufu hakosei, na viganja vyake ni sehemu yake. Kuna siku alipiga kofi kuua mbu wakati Waziri wa Kilimo anasema kwamba masika yamekwisha. Masika yakaisha. Mtu aliyeonekana na mwavuli mwaka ule alishtakiwa kwa uchochezi, na watu wakaloana kwa utii.

*

Katika Mtaa wa Majivuni, nyuma ya kinu cha kukoboa mpunga, aliishi mwanamke aliyeitwa Bi Asumini. Alikuwa na ugonjwa mmoja mbaya sana kwa raia wa Nchi ile: hakusahau kitu.

Aliolewa na Mbaruku, fundi wa deki za video, mgane mwenye mtoto mmoja wa kiume, Zahoro, ambaye hata meno ya utoto alikuwa bado hajang'oa. Mbaruku alipofariki, ndugu zake walikuja kurithi. Wakachukua kitanda. Wakachukua kabati na baiskeli. Walipomfikia Zahoro wakatazamana, kisha shangazi yake akasema, "Huyu kaa naye tu wifi, si amekuzoea." Bi Asumini anakumbuka hata rangi ya kanga aliyovaa yule shangazi alipokuwa akitoka mlangoni na godoro kichwani.

Kilichobaki kilikuwa mtoto, televisheni, deki na jenereta walizodhani ni mbovu, na banda la mabati. Basi akafungua banda la video. Kanda zilikuwa za Kichina na za Kihindi, na Majivuni hapakuwa na mtu aliyejua hata neno moja la huko. Bi Asumini naye hakujua. Lakini alisimama pembeni ya televisheni na kipaza sauti mkononi, akatafsiri. "Hapa stelingi anamwambia adui: ulimuua baba yangu ukadhani nitasahau! Na adui anajibu: wewe si ulikuwa mdogo? Na stelingi anamwambia: nilikuwa mdogo, sikuwa kipofu!" Banda zima lilisimama. Watu walitoka mitaa ya mbali kuja kumsikiliza, wakampa jina la Mama Gizani. Na kila alipofika mahali pazito alikuwa na desturi yake: husita, anauliza, "Wa nyuma mmesikia?" Wa nyuma wanajibu, hata kama wamesikia, "Hatujasikia!" Naye anarudia, kwa sauti ya kutoboa bati.

Onyesho la mchana likiisha, hupika wali wa nazi. Na Zahoro alikuwa na ulafi mmoja duniani, nao ulikuwa ukoko. Ukimpa wali mweupe analia. Ukimpa mchuzi anasukuma bakuli. Alikaa kwenye kibao chake kando ya jiko, anangoja sufuria ikwanguliwe. Kwa ajili yake Bi Asumini aliongeza makaa juu ya mfuniko ili chini pakauke vizuri, pawe na rangi ya kahawia na utamu wa tui lililokaangika. Yeye mwenyewe aliupenda ukoko tangu jikoni kwa mama yake. Miaka yote ya kumlea Zahoro hakuuonja hata kipande.

Zahoro akakua, akaenda mjini, akatengeneza filamu, wakati huo Baba Mzazi angali hai. Mkanda wa kwanza alimletea mama yake mwenyewe. Weee! Bi Asumini aliita mtaa mzima. "Njooni bure! Filamu ya mwanangu!" Akavaa kanga mpya, akashika kipaza sauti, banda likazimwa taa.

Filamu iliitwa *Machozi ya Ukoko*. Na Bi Asumini, kwa mazoea, akaanza kutafsiri ingawa ilikuwa ya Kiswahili. "Hapa tunamwona mtoto yatima, maskini... Na huyu hapa ni mama wa kambo, anakula kuku peke yake... na mtoto anaomba... na mama anamtupia..." Hapo akamwona vizuri yule mama wa kwenye skrini. Baka jeusi kando ya pua, kama lake. Kanga ya mikorosho, kama yake. Banda la video. Kipaza sauti. "...anamtupia ukoko," akasema Bi Asumini, akakishusha kipaza sauti. Gizani, kichwa kimoja kimoja, watu wakageuka kumtazama.

"Kumbe!" alisema jirani yake, Bi Chausiku. Neno moja tu hilo. Alipotoka akatema mate mlangoni.

Nchi nzima ililia kwa filamu ile. Mama wa kambo kila kona wakaanza kutazamwa sufuria. Ikatungwa kanuni kwamba mama wa kambo haruhusiwi kukaa gizani na watoto wa watu, na banda la Bi Asumini likapigwa misumari. Alikwenda mjini, akamkuta Zahoro katika ofisi yenye kiyoyozi.

"Mama, ile ni sanaa tu," Zahoro alisema. "Watu wanapenda kulia."

"Basi waambie umetunga. Simama mbele yao useme."

"Nikisema nimetunga, mama, nani atalia?"

Bi Asumini alirudi nyumbani na jambo moja moyoni, na hakulitoa tena humo: siku moja mdomo ule uliosema uongo mbele ya watu utasema kweli mbele ya watu. Hakutaka fidia. Hakutaka hata radhi. Alitaka neno, na alitaka wa nyuma walisikie.

*

Mnadhani nani aliyefanywa Waziri wa Sinema na Hisia za Kifamilia? Nani mwingine! Mtu aliyewaliza wananchi kwa uongo mmoja, serikali iliona, atawaliza hata kwa uongo wa pili. Na Mheshimiwa Zahoro Mbaruku hakupepesa jicho. Mkono uleule ulioandika sumu ukaandika asali. Filamu yake mpya iliitwa *Paja la Kuku*, nayo ilikuwa juu ya mama wa kambo mtakatifu anayemlisha yatima kuku kila siku, mpaka yatima anaomba apumzishwe.

Jemadari aliitazama kipande, akasema, "Nzuri. Lakini nataka kumwona kwa macho huyo mama wa kambo mwema. Yupo?"

"Ninaye mmoja nyumbani, Mtukufu," akasema Zahoro, kama mtu anayesema ana koti jingine kabatini.

Mtaa wa Majivuni ukafagiliwa na watu wasioujua. Mbuzi wakaondolewa kwa sababu za kiusalama. Kisha yakaja magari meusi, na kutoka la katikati akashuka Zahoro, shingo imenenepa, miwani ya jua usoni ingawa kulikuwa na mawingu. Bi Chausiku alikwisha kuweka kiti chake kwenye kibaraza ili asikose kitu.

"Hodi mama."

"Pita. Lakini angalia hapo mlangoni unapokanyaga, pana mate ya majirani."

"Shikamoo."

Bi Asumini hakuitikia. Aliendelea kupepeta mchele. Shikamoo ya Mheshimiwa ikabaki imening'inia mlangoni, haina pa kukaa.

"Mama, yaliyopita yamepita."

"Yamepita wapi? Mimi niko hapa mlangoni kila siku, sijayaona yakipita."

Zahoro akavua miwani. "Nimekuja na habari njema. Serikali imekusamehe."

"Imenisamehe nini?"

"Yale uliyomfanyia yule mtoto kwenye filamu."

Hata dereva alikohoa. Bi Asumini aliweka ungo chini polepole, kama mtu anayeweka kitu ili mikono yake isikitupe. "Zaho, yule mtoto si ulimtunga wewe?"

"Mambo ya utunzi tuyaache. Kuna uzinduzi, Mtukufu mwenyewe atakuwepo. Utakaa kiti cha mahameli. Nikitoa leso, unalia. Nikirudisha, unaacha. Kazi ndogo. Ila usiseme neno, mama. Hata moja."

"Nitakuja. Kwanza sema, hapa mbele ya Chausiku, kwamba ulidanganya."

Zahoro alicheka kicheko cha kazini. "Waziri hawezi kusema uongo, ni kinyume cha sheria. Na wakati ule sikuwa waziri. Kwa hiyo aliyedanganya, kama yupo, si mimi."

"Ni nani?"

"Huyo kwa sasa hayupo ofisini."

"Akirudi mwambie nilikuja," akasema Bi Asumini.

"Mama, usiwe hivyo. Nimekutungia mpaka sheria, wewe na wenzako. Sheria ya Heshima ya Walezi." Akanyoosha mkono, msaidizi akampa karatasi, akasoma kwa madaha kama anahutubia uwanja: "'Walezi wa kambo hawatakamatwa, hawatahojiwa, wala hawatabughudhiwa kwa neno wala tendo. Na mtu yeyote mwenye kumzulia mlezi wa kambo atavuliwa cheo chake, chochote kiwacho, na kurudishwa kwa mlezi huyo, alelewe upya mpaka alainike.'" Akakunja. "Mtukufu ameshaipigia makofi. Umeona ninavyokujali?"

"Isome tena."

"Mama?"

"Isome tena, mwanangu. Wa nyuma hatujasikia."

Akaisoma tena, kwa fahari zaidi. Bi Asumini alisikiliza amefumba macho, midomo inatikisika kama mtu anayehifadhi sura ya msahafu. Kisha akainuka, akakung'uta pumba kwenye kanga.

"Nitakuja," akasema.

*

Uzinduzi ulifanyika saa tisa alasiri katika Ukumbi wa Furaha ya Lazima. Mawaziri walikaa mbele, wake zao nyuma yao, wafanyabiashara nyuma ya wake zao, na wananchi walioteuliwa kufurahi wakajazwa huko nyuma kabisa, Bi Chausiku akiwemo, amevaa viatu vya kuazima.

Jambo moja Zahoro alilijua lakini hakulifikiria: Jemadari hakuwahi kutazama filamu kwa sauti yake yenyewe. Alikulia mitaani na kambini, na kwa maoni yake filamu isiyo na mtafsiri ni kama ugali usio na mboga. Popote alipotazama, sauti ilizimwa na mtafsiri wa Ikulu, kijana mwembamba mwenye suti pana, alisimama pembeni akaeleza.

Zahoro alimleta Bi Asumini mbele. "Mtukufu, huyu ndiye mama yangu wa kambo, chemchemi ya..."

"Shikamoo Mtukufu," akasema Bi Asumini. Maana hata adui husalimiwa.

Jemadari aliruka kwenye kiti. "Hiyo sauti!" Akamkazia macho. "Si... si Mama Gizani wewe? Majivuni? Nyuma ya kinu?"

"Ndiye."

"Ala! Mimi nikiwa kuruta nilikuwa natoroka kambini nakuja kwako! Naingilia nyuma, palipochanika bati!"

"Nilikuwa nakuona," akasema Bi Asumini. "Ulikuwa unakalia guo langu la kufunikia jenereta."

Jemadari alicheka mpaka medali zikagongana, na ukumbi mzima ukacheka kwa kiwango kilekile. Akamgeukia kijana wa suti. "Wewe shuka. Mpe mama kipaza sauti."

Zahoro akasimama, jasho limeanza kutafuta njia. "Mtukufu, mama hana kibali cha kuse..."

"Kaa."

Akakaa.

Taa zikazimwa. Bi Asumini akakishika kipaza sauti. Tangu banda lipigwe misumari hakuwa amekishika kingine, lakini mkono wake ulijua pa kukaa. Akakigonga kidogo kwa ukucha, kama zamani.

"Karibuni mliokaa na mliosimama, mlioingilia mlangoni na mlioingilia nyuma!"

Jemadari akajipiga mapaja kwa furaha.

Kwenye skrini mama mtakatifu aliingia na sahani. "Hapa tunamwona mama wa kambo," akasema Bi Asumini. "Amebeba kuku. Jamani, huyo kuku ni wa serikali, msimwamini. Kuku hakuwapo. Ndugu wa marehemu walikuja wakachukua kitanda na kabati, mngetaka kuku abaki? Palikuwa na jiko, na mchele, na mtoto kwenye kibao. Na mtoto huyo, jamani, mtoto huyo alikuwa anapenda nini?"

Skrini ilionyesha yatima akila paja la kuku huku malaika wawili wakimpepea.

"Alipenda ukoko! Ukimpa wali mweupe analia mtaa mzima unasikia. Na mama alikuwa anaupenda ukoko kuliko yeye, lakini mama akaukwangua wote, akampa. Mama huyo amekula wali mweupe miaka na miaka, mpaka mtoto akaota ndevu."

"Maskini!" akasema Jemadari gizani.

"Siku mtoto kapata degedege, mama kambeba mgongoni, mvua yote juu yake, mpaka zahanati. Shangazi wenye kitanda walikuwa wapi? Wamelala kitandani! Wa nyuma mmesikia?"

Kutoka nyuma kabisa sauti moja ya mwanamke ikasema: "Hatujasikia!" Ilikuwa ya Bi Chausiku. Mazoea yana nguvu. Na wengine wakafuata, "Hatujasikia!", na Jemadari mwenyewe, aliyesahau kuwa yuko mbele, akapaza kuliko wote, "Hatujasikiaaa!"

Basi akarudia. Akaeleza mtoto alivyokua akaenda mjini. Akaeleza filamu aliyomletea mama, na mama alivyoita mtaa mzima kwa furaha. "Na katika filamu hiyo mtoto anaiambia dunia: huyu mwanamke alininyima chakula, akanitupia ukoko! Ukoko uleule, jamani! Ule wa kulilia! Watu wakamtemea mate mama. Banda lake likapigwa misumari. Hapa sasa natafsiri neno kwa neno: mtoto huyu alimzulia mlezi wake wa kambo!"

Jemadari alikuwa anatokwa na kamasi. Alisimama, akapiga makofi kwa nguvu zake zote, na ukumbi ukapiga, na nyuma yake kalamu ya Mwandishi wa Makofi ikakimbia.

"Mshenzi huyo!" Jemadari akanguruma. "Yuko wapi? Nani huyo mtoto?"

"Umekaa naye, Mtukufu. Mkono wako wa kulia."

Taa ziliwashwa na mtu aliyejua maisha yake yanategemea kuwasha taa upesi. Zahoro alikuwa amejikunja kwenye kiti cha mahameli, leso mkononi.

"Mtukufu, pana suala la muktadha..."

"Nimepiga makofi au sikupiga?"

"Umepiga, Mtukufu."

"Basi."

Bi Asumini aliteremka hatua moja, akamwekea kipaza sauti mdomoni, kama zamani alivyokuwa akimwekea kijiko cha dawa. "Yule aliyekuwa hayupo ofisini," akasema, "amerudi?"

Zahoro alitazama mawaziri wenzake. Wote walikuwa wanachunguza viatu vyao.

"Nilidanganya," akasema.

"Wa nyuma?"

"Hatujasikia!"

"Nilidanganya! Hakuninyima kitu! Ukoko nilikuwa naomba mwenyewe!" Akashusha pumzi, shingo yote nene ikalegea. "Nilidanganya, mama. Shikamoo."

Bi Asumini akakirudisha kipaza sauti mdomoni mwake.

"Marahaba," akasema.

Mtu mwingine angeshuka hapo akaenda zake nyumbani. Lakini aliyekuwa anazungusha filamu hakuwa amepewa amri ya kusimamisha, na kwenye skrini sasa alikuwa ameingia baba wa kambo mwenye kanzu nyeupe, anafunga ghala, watoto wanamwimbia. Na kipaza sauti kilikuwa bado mkononi mwa Mama Gizani. Zahoro alikuwa mmoja tu katika kumbukumbu zake.

"Tuendelee," akasema, na taa zikazimwa tena. "Hapa anaingia baba wa kambo. Amelifunga ghala. Watoto wanaimba, lakini mimi nawatazama midomo, naona wanaimba na njaa. Mtoto mmoja anauliza: baba, funguo za chakula chetu ziko wapi? Hii kanda mimi siijui jamani, mnaoijua nisaidieni. Ziko wapi?"

Kule nyuma, kwenye giza, ambako mtu hana sura wala jina, wakasema, "Mfukoni!"

"Wa mbele mmesikia?"

"Hatujasikia!" akapiga kelele Jemadari, ambaye wakati huo hakuwa Mtukufu wa mtu yeyote, alikuwa kuruta aliyeingilia penye bati lililochanika.

"MFUKONI! MFUKONI MWA BABA WA KAMBO! NA CHAKULA NI CHETU!" wakapaza wa nyuma.

Jemadari akapiga makofi mpaka viganja vikawaka.

*

Kesho yake Gazeti la Serikali lilitoka na habari mbili. Ya kwanza: kwamba Zahoro Mbaruku alimzulia mlezi wake wa kambo. Ya pili: kwamba funguo za ghala ziko mfukoni mwa baba wa kambo, na chakula ni cha watoto.

Washauri walikesha na mapovu mdomoni. Mmoja alishauri Mtukufu apige makofi kinyumenyume, migongo ya viganja, ili kuyafuta. Akapiga. Hayakufutika, ikawa kweli tu kwamba Mtukufu amepiga makofi kinyumenyume. Mwingine akasema Bi Asumini akamatwe. Wakafungua sheria, wakakuta walezi wa kambo hawatakamatwa, hawatahojiwa, wala hawatabughudhiwa kwa neno wala tendo. Wakauliza nani aliyeandika upuuzi huu. Wakakumbushwa.

Nje ya lango la Ikulu watu walijipanga, wametulia kabisa, kila mmoja na gunia lake na nakala ya Gazeti la Serikali. Hawakurusha jiwe. Walikuja kuchukua kilichokwisha kuchapishwa. Askari waliamriwa wawatawanye, lakini kutawanya watu wanaosoma Gazeti la Serikali ni uhaini. Kisha mlinzi wa lango akaegemeza bunduki yake ukutani, akaingia ndani ya kibanda chake, akatoka na gunia, akauliza mwisho wa foleni uko wapi.

Ndani, Jemadari alikuwa ameshika mfuko wake kwa mikono yote miwili. Mpaka sasa ameushika. Lakini mikono iliyoshika mfuko haiwezi kushika kitu kingine, na foleni inasogea.

Zahoro aliletwa Majivuni na polisi wawili, bila miwani. "Mzigo wako, Bi Mkubwa. Alelewe upya mpaka alainike."

Bi Asumini akampa fagio. Banda la video lilikwisha kung'olewa misumari, na lilikuwa na vumbi la miaka. Bi Chausiku akaja mbio, kanga moja begani.

"Shoga yangu! Mimi siku zote nilikuwa nasema, Asumini hawezi..."

"Ulisema 'kumbe'," akasema Bi Asumini, akamtupia tambara. "Na hapo ulipotemea ni hapo. Anza."

Chausiku akapiga magoti mlangoni, akasugua.

Adhuhuri Bi Asumini alipika wali wa nazi. Akapalia makaa juu ya mfuniko, mengi, akaacha mpaka harufu ya tui linalokauka ikajaa uani. Ndani ya banda fagio likasimama. Zahoro akatoka polepole, akakiona kibao chake cha zamani kando ya jiko, akakikalia, magoti yakamfika kidevuni.

Bi Asumini akampakulia wali mweupe, laini, sahani ikafurika. Juu yake akaweka paja la kuku.

"Kula, Mheshimiwa. Kama kwenye filamu."

Zahoro hakugusa. Macho yalikuwa kwenye sufuria. "Na ukoko, mama?"

Bi Asumini akachukua mwiko, akakwangua pembeni, akazungusha, ukoko ukatoka mzima, wa mviringo, rangi ya kahawia, una mafuta ya nazi yanayong'aa. Akauweka kwenye sinia mapajani mwake. Akauvunja. Ulilia kama bati.

"Mama..."

"Nyamaza, filamu inaendelea."

Akautafuna wote, kipande kwa kipande, bila haraka, anamtazama usoni. Alipomaliza akaigeuza sufuria juu chini, akaigonga kwa mwiko, ili hata Chausiku, kule nyuma mlangoni, aone kwamba hakikubaki kitu.